Mlanguzi wa Kariakoo na mlanguzi wa Chicago: historia fupi ya andazi

Nimeadimika kidogo kwa sababu ya mitihani, ila leo nimerudi na jambo ambalo limenikaa kichwani muhula mzima. Kwenye kozi ya historia ya uchumi kila wiki tunaongelea mambo makubwa makubwa: ubeberu, mfumo wa fedha wa dunia, masoko ya mitaji. Mtu anatoka semina kichwa kimejaa, akifika nje anakunywa chai na andazi na kusahau yote. Mimi nimeamua kuanzia hapo hapo kwenye andazi, maana historia yote ile imo ndani yake.

Lichambueni kidogo. Unga wa ngano: sehemu kubwa ya ngano tunayokula Tanzania inakuja kwa meli kutoka nje, na bei yake inafuata bei za masoko ya huko, hasa Chicago. Mafuta ya kukaangia: mengi ni ya mawese kutoka Malaysia na Indonesia, na bei yake inapangwa Kuala Lumpur, kwenye soko ambalo limekuwa likiuza mikataba ya mawese tangu 1980. Dizeli ya lori linalotoa kiroba cha unga kiwandani mpaka Tandika, hiyo nayo ni soko la dunia. Na vyote vinalipiwa kwa dola, wakati mama anayekaanga anauza kwa shilingi. Cha nyumbani kabisa hapo ni maji, mkaa, iliki na mikono yake.

Sasa hiyo bei ya Chicago inapangwaje? Hapa ndipo historia inapoanza.

Mwaka 1848 wafanyabiashara wa nafaka wa mji wa Chicago walianzisha soko lao la bidhaa. Mji ulikuwa unakua haraka, nafaka inaingia kutoka mashamba ya bara na kutokea kwa njia ya maziwa. Shida yao ilikuwa ile ile ya Kibaigwa: wakati wa mavuno mzigo unafurika na bei inalala chini, miezi michache baadaye hakuna kitu na bei iko juu. Wakaanza kuandikiana mikataba: nakuuzia leo ngano nitakayokuletea Machi, kwa bei tunayokubaliana sasa. Mwaka 1865 mikataba ikawekewa kanuni moja, kiasi kile kile, daraja lile lile la ngano. Toka hapo ule mkataba wenyewe ukawa bidhaa. Unaweza kuununua asubuhi na kuuuza jioni bila kuona hata punje moja ya ngano.

Wenzetu wa Kagera watasema hii si ngeni, hii ni butura! Mkulima ana shida ya ada ya shule, anauza kahawa ingali maua mtini, kwa bei ya kutupa, kwa mtu mwenye hela taslimu. Inafanana, ila tofauti yake ni kubwa. Kwenye butura mnunuzi ni mmoja, anaijua shida yako, na bei anaipanga yeye. Chicago wanunuzi na wauzaji ni wengi, na bei inatangazwa hadharani. Kwa mkulima wa kule mkataba ni kinga, maana anajua atapata kiasi gani hata bei ikianguka. Lakini ili mkulima apate kinga, lazima awepo mtu wa upande wa pili anayekubali kubeba hatari kwa matumaini ya faida. Mtu huyo hana haja na ngano, anabashiri bei tu. Kwa Kiswahili cha miaka ya 1980 tungemwita mlanguzi. Sisemi ni neno la haki sana, lakini ndilo tulilokuwa nalo.

Kabla sijafika huko, tupite Kongwa haraka. Baada ya Vita Kuu ya Pili dunia ilikuwa na uhaba mkubwa wa mafuta ya kula, na Waingereza walikuwa bado wanakula kwa mgawo. Mwaka 1946 Frank Samuel wa United Africa Company, kampuni tanzu ya Unilever, akatoa wazo la kulima karanga Tanganyika kwa matrekta. Serikali ya Uingereza ikalichukua, na 1947 kazi ikaanza Kongwa, baadaye Urambo na Nachingwea. Walipanga ekari zaidi ya milioni tatu. Udongo wa Kongwa ukikauka unakuwa kama saruji, mvua hazikutosha, mashine zikavunjika. Mapema 1951 mradi ukafutwa baada ya kumeza pauni milioni 36 hivi. Ardhi yetu ilipasuliwa kwa ajili ya siagi ya Mwingereza, na leo, zaidi ya miaka 70 baadaye, mafuta ya kukaangia andazi letu tunayaagiza Asia. Ila Kongwa hiyo hiyo ndiko liliko soko la mahindi la Kibaigwa. Mahindi ya wakulima wadogo yalifanikiwa pale ambapo matrekta ya Mfalme yalishindwa.

Sasa tuje 1972. Majira ya joto ya mwaka ule Urusi ya Kisovieti ilikuwa imevuna vibaya. Wakaenda Marekani kimya kimya, wakanunua nafaka kampuni moja baada ya nyingine, Continental, Cargill na nyinginezo, bila kampuni moja kujua nyingine imeuza kiasi gani. Jumla ilifika karibu tani milioni 19. Dunia iliposhtuka, maghala ya Marekani yalikuwa yameshauzwa. Ngano ya Chicago iliyokuwa chini ya dola 2 kwa busheli (kama kilo 27) katikati ya 1972 ilivuka dola 5 mwaka uliofuata, na mapema 1974 ikavuka 6. Hapo hapo dola yenyewe ilikuwa imeyumba tangu Marekani ilipoacha kuibadilisha kwa dhahabu mwaka 1971. Mwisho wa 1973 mafuta ya petroli nayo yakapanda karibu mara nne.

Na sisi? Tukaingia sokoni wakati ule ule. Mvua zilikuwa mbaya 1973 na 1974. Novemba 1973 Mwalimu alitangaza kuwa kuishi vijijini ni amri, na watu wengi wakahamishwa wakati walipotakiwa kuwa shambani. Bei ambayo serikali ilimlipa mkulima ilikuwa ndogo. Wanahistoria bado wanabishana kipi kilichangia zaidi, ukame au operesheni, na mimi naona vyote viwili vilikuwepo. Kilichotokea ni kwamba Shirika la Usagishaji la Taifa, NMC, lililokuwa limekabidhiwa biashara yote ya nafaka mwaka 1973, lilijikuta linaagiza mamia ya maelfu ya tani kutoka nje kwa bei ya juu kuliko zote za kizazi kile. Akiba ya fedha za kigeni ikakauka. Ndipo ikaja kampeni ya Kilimo cha Kufa na Kupona, na watu wa mjini wakahimizwa washike jembe.

Wazee wa Temeke ukiwauliza kuhusu miaka hiyo na ile ya mwanzoni mwa 1980 hawakutajii Chicago. Watakutajia bulga, na unga wa Yanga. Mahindi ya Marekani ni ya njano, ndiyo wanayolishia ng'ombe na kuku kwao, basi watu wakauita unga ule Yanga kwa sababu ya rangi ya jezi. (Mashabiki wa Simba nao walikula, njaa haina timu.) Ule unga wa njano ndio soko la Chicago lilivyoingia kwenye sufuria zetu, ila hakuna aliyeliita kwa jina hilo.

Nadhani hili ndilo jambo kubwa la historia yetu ya chakula. Kila bei inapopanda, tunamtafuta mchawi aliye karibu. Mwaka 1983 Waziri Mkuu Edward Sokoine alianzisha vita dhidi ya walanguzi na wahujumu uchumi. Sheria maalumu ikapitishwa, mahakama yake ikaundwa, watu wakakamatwa kwa kuficha sukari, sabuni na vitenge. Wazee wanasimulia bidhaa zilivyokuwa zikitupwa usiku kwa woga. Watu wengi walimpenda Sokoine kwa hilo mpaka leo, na siwalaumu, maana mtu aliyepanga foleni kutwa nzima kwa kilo ya sukari alitaka kuona mtu anawajibishwa.

Lakini tujiulize kwa nini bidhaa zilikuwa haba. Bei ya katani, zao lililotuingizia fedha nyingi kuliko yote wakati wa uhuru, ilianguka katikati ya miaka ya 1960 na haikusimama tena vizuri. Kahawa ilipanda sana 1976 na 1977 baada ya baridi kali kuua mibuni ya Brazil, halafu ikashuka. Mwaka 1979 petroli ikapanda tena, na sisi tulikuwa tumetoka kwenye vita vya Kagera. Yaani tunachouza kinapangiwa bei New York na London, tunachonunua kinapangiwa bei Chicago na kwa wenye mafuta, na katikati tuna bei za serikali zisizofuata chochote kati ya hivyo. Duka likiwa tupu, aliyeficha mifuko kumi ya sukari stoo ana kosa lake, sikatai. Ila mifuko kumi haiwezi kueleza nchi nzima kukosa sukari.

Mwaka huo huo 1983 ikaja Nguvu Kazi. Watu wa Dar wasio na ajira inayotambulika walikamatwa na kupelekwa vijijini, na wauzaji wadogo wa vyakula barabarani wakawa wanakimbia migambo. Mwaka uliofuata serikali ikaondoa ruzuku ya sembe, na bei ikapanda zaidi ya mara mbili kwa mpigo. Mshahara haukupanda hivyo. Mtafiti Aili Mari Tripp, aliyefanya kazi yake Manzese na Buguruni mwishoni mwa miaka ya 1980, alikuta mshahara wa baba unaisha siku chache za mwanzo wa mwezi, na nyumba inaendeshwa na biashara ndogo: maandazi, vitumbua, samaki wa kukaanga, pombe za kienyeji, kushona. Biashara hizo nyingi zilikuwa za akina mama. Hivyo karai la maandazi barazani ni jibu la uchumi ulioshindwa kulipa mishahara. Limewasomesha wengi tunaokaa nao kwenye vimbweta hapa chuoni, na si ajabu na wewe unayesoma.

Mtu atauliza, kwa nini tusilime ngano yetu? Tulijaribu. Tangu 1970, kwa msaada wa Canada, shirika la NAFCO lilifungua mashamba makubwa ya ngano Basotu, Hanang. Yalifika saba, kila moja kama ekari 10,000. Ngano ilipatikana, ila mashine, vipuri na mbinu vilitoka Canada. Na ardhi ile haikuwa pori, ilikuwa malisho ya Wabarbaig. Wanakijiji wa Mulbadaw walikwenda Mahakama Kuu wakashinda, lakini 1985 Mahakama ya Rufani ikaipa ushindi NAFCO. Msaada ulipokwisha miaka ya 1990 mashamba yakadhoofika, na baadaye yakabinafsishwa. Mkate wa mjini ulilipiwa na mfugaji wa Hanang, kisha mkate wenyewe ukarudi kutegemea meli.

Haya, 2007 na 2008. Kipindi hiki ndicho kinachobishaniwa kuliko vyote. Mwaka 2000 Marekani ililegeza sheria za biashara ya mikataba ya bidhaa. Benki za Wall Street zilikuwa na vikapu vya uwekezaji vyenye mafuta, shaba, ngano na mahindi kwa pamoja, cha Goldman Sachs kilianza 1991. Mifuko ya pensheni ikaanza kumwaga hela humo. Meneja wa mfuko wa uwekezaji aitwaye Michael Masters aliliambia Baraza la Seneti Mei 2008 kwamba fedha za namna hiyo zilipanda kutoka dola bilioni 13 mwishoni mwa 2003 hadi bilioni 260 Machi 2008. Ngano ya Chicago ilikaribia dola 13 kwa busheli mwanzoni mwa 2008. Olivier De Schutter, mtaalamu maalumu wa Umoja wa Mataifa wa haki ya chakula, aliandika 2010 kwamba uwekezaji huu ulichangia kwa uzito kupandisha bei.

Ila tuwe waungwana tuwasikilize na wa upande wa pili. Wachumi kama Scott Irwin na Dwight Sanders wanasema wawekezaji hao hawafichi hata gunia moja, wananunua mkataba na kuuuza, kwa hiyo hawapunguzi chakula. Na mfano wa mchele unawasaidia: mchele hauuzwi sana kwenye masoko ya mikataba, lakini bei ya mchele wa Thailand ilivuka dola 1,000 kwa tani kabla ya katikati ya 2008. Hapo walioleta balaa ni serikali: India ilizuia kuuza nje, Vietnam ikafuata, wanunuzi wakaingiwa hofu. Msimamo wangu ni huu: fedha za wawekezaji hazikuanzisha moto, maana petroli ilikuwa juu, akiba za nafaka zilikuwa ndogo na mahindi mengi ya Marekani yalikuwa yanageuzwa kuwa mafuta ya magari. Lakini zilipuliza.

Na Wamarekani wenyewe wanajua moto huo. Mwaka 1955 watu wawili, Vincent Kosuga na Sam Siegel, walihodhi vitunguu vya Chicago, kisha wakavimwaga sokoni wakiwa wameshabashiri bei itaanguka. Ikaanguka kweli, mpaka gunia tupu likawa na thamani kuliko vitunguu vilivyomo. Wakulima wakalia, na 1958 Bunge la Marekani likapiga marufuku mikataba ya vitunguu. Marufuku hiyo ipo mpaka leo. Kwa hiyo Sokoine hakuwa peke yake duniani, wao tu waliishia kwenye vitunguu.

Madhara hayakuwa ya kwenye karatasi. Agosti 2010 Urusi ilizuia kuuza ngano nje baada ya ukame na moto wa misitu. Septemba mosi Maputo, kwa majirani zetu, watu wakaingia barabarani kwa sababu ya bei ya mkate na umeme. Zaidi ya watu kumi walikufa, na serikali ikalazimika kurudisha nyuma bei ya mkate.

Sisi hatukuingia barabarani, na hata 2022 hatukuingia. Februari 24 Urusi ilivamia Ukraine. Machi ngano ya Chicago ikavuka dola 13, na mawese ya Kuala Lumpur yakavuka ringgit 7,000 kwa tani. Mwisho wa Aprili Indonesia ikazuia kuuza mawese nje kwa wiki kadhaa, na Mei India ikazuia ngano. Mtaani kwetu Mbagala kuna mama mmoja anayekaanga kila alfajiri. Wateja wake ni makondakta, vibarua na watoto wa shule, hawawezi kupandishiwa bei. Alichofanya ni kupunguza donge. Bei ile ile, andazi dogo, ndani uwazi mtupu. Watoto wakaliita puto. Faida yake ilikuwa imeshaliwa kabla hajawasha jiko, na wateja wakamlalamikia yeye, maana ndiye aliye karibu.

Lakini angalieni ugali. Mahindi yetu ni meupe, ya Chicago ni ya njano, na mengi tunalima wenyewe Rukwa, Ruvuma, Mbeya, Iringa. Bei ya mahindi Tandale inafuata zaidi mvua, hali ya barabara na mahitaji ya Kenya kuliko Chicago. Hiyo ndiyo kinga yetu. Ina matundu, maana mbolea nayo ni bidhaa ya dunia: 2022 mfuko wa kilo 50 wa DAP ulivuka shilingi laki moja, na Agosti serikali ikaanza kutoa ruzuku. Hata hivyo ni kinga. Tuna Wakala wa Taifa wa Hifadhi ya Chakula, NFRA, inayoweka mahindi kwa ajili ya mwaka mbaya. Andazi halina ghala kama hilo, liko uchi mbele ya Chicago.

Kwa hiyo naomba tufanye kitu kimoja kabla ya kumtafuta mchawi. Bei ikipanda tuulize imepandia wapi: shambani, barabarani, kwenye dola, au Chicago? Kama ni mwenye duka aliyeficha, sheria ipo. Kama ni mvua, tuongelee maghala na umwagiliaji. Kama ni Chicago, basi kumfukuza mama barazani au kumtisha Mangi hakutashusha hata senti. Nchi isiyojua bei yake inatoka wapi itaendelea kuwapiga wadogo kwa makosa ya wakubwa, na tumeshafanya hivyo mara moja.

Ni hayo tu kwa leo. Wale wa uchumi najua mna la kusema kuhusu Irwin na Sanders, karibuni kwa hoja. Atakayenishinda nitamnunulia chai, andazi ajinunulie mwenyewe.